Marathoni ni Kazi ya Miaka Mingi: Kwa Dada Anayeanzia Arusha au Moshi

Tarehe 24 Septemba 2023, jijini Berlin, Magdalena Shauri wa Tanzania alimaliza wa tatu kwa saa 2:18:41 na kuweka rekodi ya taifa ya marathoni kwa wanawake. Mbele yake walikuwa Tigst Assefa wa Ethiopia, aliyevunja rekodi ya dunia siku hiyo kwa 2:11:53, na Sheila Chepkirui wa Kenya. Ukigawanya muda wa Magdalena kwa kilomita 42.195 unapata dakika 3 na sekunde 17 kwa kila kilomita. Wapo mabinti wanaoongoza mashindano ya shule ambao kilomita moja tu ya mwendo huo inawamaliza pumzi.

Matokeo kama yale yanawapa moyo mabinti wa Arusha, Manyara na Kilimanjaro, na ni haki yao. Ila yameleta na haraka. Binti ana miaka 18, ameshinda mbio za kilomita 10 mara mbili, na tayari kuna mtu anamsukuma kwenye 42 kwa sababu ndiko kwenye zawadi nono. Nayaandika haya kwa ajili yake, kwa kocha wake, na kwa mzazi anayemtafutia nauli. Kazi hii inaweza kudumu miaka 15 na zaidi. Wengi wanaoipoteza wanaipoteza katika miaka mitatu ya kwanza, na mara chache sababu ni kukosa kipaji.

Lini aingie kwenye 42

Katika mashindano ya dunia, ambaye hajafikisha miaka 20 haruhusiwi kukimbia marathoni. Huo ni mpaka wa chini kabisa, usigeuzwe kuwa lengo. Njia iliyonyooka ni hii: michezo ya shule za msingi (UMITASHUMTA) na ya sekondari (UMISSETA), mbio za nyika na mita 3,000 na 5,000 hadi miaka 20 hivi, halafu mita 10,000, kilomita 10 za barabarani na nusu marathoni. Marathoni ya kwanza ije kati ya miaka 24 na 27. Akichelewa zaidi hajaharibu kitu. Hellen Obiri wa Kenya alikuwa bingwa wa dunia wa mita 5,000 mwaka 2017 na 2019, akakimbia marathoni yake ya kwanza New York Novemba 2022 akiwa na miaka 32, akawa wa sita. Aprili 2023 akashinda Boston. Mkenya mwenzake Edna Kiplagat alitwaa ubingwa wa dunia wa marathoni mwaka 2011 na 2013, na Aprili 2024, akiwa na miaka 44, alikuwa wa tatu Boston. Kwetu hapa, Banuelia Mrashani alishinda marathoni ya wanawake ya Tokyo mwaka 2002 kwa 2:24:59, muda ambao hadi leo ni wachache wa kwetu wanaoukaribia.

Spidi inajengwa kwanza kwa sababu haitafutwi tena baadaye. Mita 5,000 ndiyo inayofundisha miguu kugeuka haraka. Mtu akishaingia kwenye kilomita 160 kwa wiki, hana tena nafasi ya kujifunza kukimbia kilomita moja kwa 3:05. Kanuni tunayotumia kumpima ambaye hajawahi kukimbia 42 ni kuzidisha muda wake wa nusu marathoni mara mbili na kuongeza dakika 6 hadi 9. Mwenye 1:13:00 kwenye kilomita 21 atarajie kati ya 2:32 na 2:35. Kama hajafika 1:15, kumpeleka nje akatafute muda ni kumchosha bure.

Na viwango vya kufuzu vinapanda. Kwa Olimpiki ya Tokyo 2020 mwanamke alitakiwa 2:29:30. Kwa Paris 2024 ikawa 2:26:50. Kwa mashindano ya dunia ya Tokyo 2025 ikawa 2:23:30. Anayeanza leo apange mazoezi yake akiwa na namba za aina hiyo ya mwisho kichwani.

Ardhi yetu

Mji wa Arusha uko kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, Moshi iko chini ya mita 900, na kati yake ni kilomita 80 hivi za lami. Tofauti hiyo ni mali. Anayelala Ilboru, Sakina au Ngaramtoni anazoea hewa nyepesi. Akishuka Moshi mara moja kila wiki mbili au tatu kwa mazoezi ya kasi, miguu inapata mwendo ambao mapafu yangeukataa huku juu. Wenye uwezo wa kupanda zaidi huenda Mbulu au Monduli Juu kwa wiki tatu au nne, kisha wanarudi mjini kumalizia.

Kwa mbio ndefu, barabara ya mchepuo ya Arusha, ambayo wengi tunaiita baipasi, ina kilomita 42.4. Karibu marathoni nzima ya lami, tena ina miinuko ya wastani inayofanana na kozi nyingi za nje. Lakini malori hupita kwa kasi, kwa hiyo muanze saa 12 na nusu asubuhi kukiwa na mwanga tayari, mkimbie upande unaotazamana na magari, na nyuma iwepo pikipiki ya maji. Binti asikimbie peke yake gizani, hata kama kocha anasema muda ndio huo. Watatu au wanne ndio kundi. Wakati wa masika njia za udongo za Kisongo na Ngaramtoni hunata kwenye viatu mpaka mguu unakuwa mzito na paja la nyuma linavutika. Hizo wiki baki kwenye lami au kokoto, na punguza kilomita badala ya kulazimisha.

Uwanja wa Sheikh Amri Abeid ndio wa vipande vya kasi. Siku ukiwa na shughuli nyingine, pimeni kilomita moja tambarare barabarani, wekeni alama ya rangi kila mita 200, mtumie hiyo hiyo kila wiki. Saa ya mkononi hukosea mita kadhaa kila kilomita, hasa kwenye miti mingi. Alama ya rangi haibadiliki.

Wiki moja ya kazi

Mfano wa dada mwenye nusu marathoni ya 1:12, anayelenga 2:30, akiwa katikati ya matayarisho ya wiki 14, kilomita kama 130:

Jumatatu asubuhi kilomita 14 taratibu, jioni 8. Taratibu maana yake anaweza kuongea sentensi nzima, kati ya 4:30 na 5:00 kwa kilomita. Jumanne, baada ya kupasha misuli kwa kilomita 4, vipande 10 vya mita 1,000 kwa 3:25 hadi 3:28, mapumziko sekunde 90 ya kutembea au kujongea. Jumatano 16 taratibu, jioni 8 za kulegeza. Alhamisi asubuhi fatileki, yaani mbio za kubadilisha kasi, dakika moja kali na moja nyepesi, mara 20 hadi 25, kwenye njia ya udongo, na jioni 6 nyepesi. Ijumaa 12 nyepesi, basi. Jumamosi mbio ndefu, kilomita 30 hadi 38. Jumapili kupumzika kabisa. Anayesali aende asali bila kuwaza saa.

Mbio ndefu ya Jumamosi ndiyo inayoharibiwa kuliko zote. Kundi lina wanaume, wanaume wanavuta, na dada anakimbia 36 kwa mwendo wa mashindano kila wiki. Wiki ya tano anashangaa mbona vipande vya Jumanne vimekuwa vizito. Wiki moja akimbie ndefu kwa 4:15 hadi 4:25 mwanzo hadi mwisho. Wiki inayofuata, katika kilomita 34, aweke 15 au 18 za mwisho kwenye mwendo wa marathoni, ambao kwa 2:30 ni 3:33 kwa kilomita usawa wa bahari. Kwa Arusha mpe nafuu ya sekunde 3 hadi 5. Akilazimisha 3:33 huku juu, kwa kweli anafanya zoezi la nusu marathoni na atalilipa siku tatu.

Kila wiki ya nne ishuke, kutoka 130 hadi 90 au 95. Makocha wengi wanaruka wiki hii kwa sababu mwanamichezo anaonekana yuko vizuri. Yuko vizuri kwa sababu bado hajavunjika.

Baada ya marathoni: wiki mbili bila kukimbia, wiki mbili za nyepesi, ndipo programu irudi. Marathoni mbili kwa mwaka zinatosha. Anayekimbia nne au tano, Moshi Februari, nyingine Aprili, nyingine Juni kwa sababu mtu kampigia simu, anakula mtaji wake.

Damu, chakula na hedhi

Hapa ndipo ningependa kila kocha wa kiume asome mara mbili.

Mwanamke anayekimbia umbali huu anapoteza madini ya chuma kwa hedhi, kwa jasho, na kwa chembe za damu zinazopasuka kwenye nyayo. Akiishiwa, dalili ya kwanza ni mapigo ya moyo kuwa juu kwenye mbio nyepesi na miguu kugoma kilomita ya 10 wakati zamani ilianza kuchoka kwenye 25. Watu watasema mvivu. Zahanati itapima wingi wa damu, itakuta 12.5, itasema uko sawa. Lakini akiba ya chuma, yaani feritini, inaweza kuwa imekwisha wakati wingi wa damu bado unaonekana mzuri. Kipimo cha feritini huombwa hospitali kubwa au maabara kubwa. Chini ya 30 hadi 35, mkimbiaji anahitaji kutibiwa na daktari. Pimeni kila miezi minne, na wiki 10 kabla ya marathoni, kwa sababu akiba hairudi kwa wiki mbili.

Vidonge vya chuma mara nyingi hufyonzwa vizuri zaidi vikimezwa siku moja na kuachwa inayofuata kuliko kila siku, asubuhi, pamoja na chungwa au maji ya limao. Chai na kahawa huzuia chuma kuingia, na sisi tunakunywa chai na kila kitu. Chai ikae saa moja mbali na kidonge na mbali na mlo wa nyama, maini, dagaa au maharage. Moshi kuna kisusio, ile supu ya damu ya mbuzi. Ni chuma halisi, ila hakipikwi kila siku, kwa hiyo kihesabiwe nyongeza.

Chakula kwa jumla ni kingi kuliko wengi wanavyodhani. Ndani ya nusu saa baada ya mazoezi magumu apate kitu: uji wa ulezi wenye maziwa na karanga, ndizi mbivu mbili, yai. Kisha mlo kamili. Makande ni chakula kizuri sana cha mkimbiaji, lakini siyo usiku wa kuamkia mbio ndefu, maana tumbo litajaa gesi. Usiku huo ni wali au ugali na mboga kidogo.

Kocha anayemwambia binti wa kilo 47 apunguze uzito anamfanyia ubaya. Mwili usiopata chakula cha kutosha huzima kwanza kile kisicho cha lazima kwa kuishi leo, na hedhi ni mojawapo. Siku zake zikikosekana miezi mitatu mfululizo na si mjamzito, hiyo ni dalili kwamba mifupa nayo inaanza kudhoofika. Baada ya hapo huja maumivu ya sehemu moja kwenye ugoko au juu ya unyayo, ukibonyeza kwa kidole unaruka. Huo ni ufa wa mfupa mpaka ithibitishwe vinginevyo. Kumpa diklofenaki akimbie ni kuugeuza ufa kuwa mvunjiko kamili. Wiki 6 hadi 8 za kupumzika zinaponya nyingi; kuificha kunachukua mwaka.

Kuhusu uzazi wa mpango: sindano ya miezi mitatu mara nyingi hukatisha hedhi, kwa hiyo inaficha ile dalili niliyoisema, na yenyewe inapunguza uzito wa mifupa ikitumika muda mrefu. Mkimbiaji anayetaka kinga amwambie mtoa huduma kwamba anakimbia kilomita 150 kwa wiki, waongee kuhusu kijiti au lupu. Mazungumzo hayo ni ya dada na muuguzi. Kocha hahitaji kuwemo chumbani.

Dripu, vidonge na saa ya kupimwa

Kuna tabia moja ya hapa kwetu inayoweza kumaliza kazi ya mtu ndani ya nusu saa. Mkimbiaji amechoka, anaenda zahanati, anatundikiwa dripu ya mililita 500 "kurudisha nguvu". Kwa sheria za kupambana na dawa zisizoruhusiwa michezoni, maji ya mshipani zaidi ya mililita 100 ndani ya saa 12 ni kosa, hata yakiwa maji matupu ya chumvi, isipokuwa kama ni sehemu halali ya matibabu ya hospitali, upasuaji au uchunguzi wa kitabibu. Uchovu wa mazoezi haumo. Akiugua malaria kali akalazwa, atibiwe bila woga, lakini atoke na karatasi: jina la dawa, kiasi, tarehe, sahihi na muhuri.

Dawa za nyumbani ni mtego wa pili. Ruth Chepngetich wa Kenya, aliyekimbia marathoni ya Chicago kwa 2:09:56 Oktoba 2024, alifungiwa miaka mitatu mwaka 2025 baada ya kukutwa na hydrochlorothiazide. Ni dawa ya kuongeza mkojo, na hapa kwetu wazee wengi wa shinikizo la damu wanayo kabatini. Tramadol, dawa ya kutuliza maumivu, imekatazwa siku za mashindano tangu Januari 2024. Baadhi ya dawa za mafua zina efedrini, ambayo nayo imekatazwa siku za mashindano. Unga wa mitishamba usio na orodha ya vilivyomo hauna namna ya kuujua, kwa hiyo usinywe.

Akishaingia kwenye orodha ya wanaopimwa, lazima aandike kila siku atakapokuwa, pamoja na dakika 60 moja ambazo akigongewa mlango anapatikana, kati ya saa 11 alfajiri na saa 5 usiku. Kukosekana au kukosea kujaza mara tatu ndani ya miezi 12 ni kufungiwa kushindana, hata kama mkojo wake ni safi. Makosa ya kwetu yanajulikana: amekwenda msibani Babati hakubadilisha taarifa, simu imeishiwa bando, au fomu inajazwa na meneja ambaye hajui kwamba amehama kutoka Moshono kwenda Njiro. Ajaze mwenyewe. Achague saa 11 hadi 12 alfajiri, akiwa bado kitandani, na aeleze nyumba kama unavyomwelekeza bodaboda: geti la rangi gani, nyuma ya duka gani.

Viatu, kwa kifupi

Soli ya kiatu cha mashindano ya barabarani isizidi milimita 40. Wengi wananunua mitumba, Soko la Memorial pale Moshi au Arusha mjini, na si vibaya ukijua kukagua. Weka kiatu mezani ukitazame kwa nyuma: kisigino kikiegemea upande, kiache. Bonyeza povu la pembeni kwa gumba. Likiwa na mikunjo mingi myembamba na halirudi, limekufa. Kiatu chenye bamba la kaboni kikunje kidogo karibu na sikio, ukisikia mlio, bamba limepasuka. Viatu vya bamba viwe vya mbio ndefu za kasi na mashindano tu. Kilomita nyepesi zikimbiwe na raba ya kawaida, vinginevyo misuli ya nyayo inalegea.

Siku ya mbio

Kilimanjaro Marathon, inayokimbiwa Moshi tangu 2003, huanzia na kuishia uwanja wa Chuo Kikuu cha Ushirika. Ni mbio nzuri ya kushindana nyumbani. Siyo mbio ya kutafuta muda wa kufuzu: kuna joto, na baadaye kozi inapanda kuelekea Mweka wakati miguu imeshachoka, kisha inashuka kwa nguvu na kuumiza mapaja ya mbele. Kwa binti wa miaka 22, kilomita 21 za hapo zinamtosha kabisa.

Ukitafuta muda, uliza kwanza kama kozi imepimwa rasmi. Upimaji unaokubalika ni wa baiskeli yenye kifaa cha kuhesabu mizunguko ya gurudumu, na huongezwa mita moja kwa kila kilomita ili isije ikawa fupi. Kwa rekodi, mteremko wa jumla usizidi mita 42, na mstari wa kuanzia na wa kumalizia usiachane zaidi ya nusu ya umbali wa mbio. Mbio iliyopimwa kwa simu au kwa gari inaweza kumpa dada muda mtamu ambao hautaandikwa popote.

Mwendo: kwa 2:30 kila kilomita 5 ni 17:47, kilomita 10 ni 35:33, nusu ni 1:15:00. Ukipita 10 kwa 34:30 kwa sababu kundi la mbele lilikuwa na wavuta mwendo wazuri, umeshatumia wanga uliokusudiwa kwa kilomita ya 35. Afadhali kukimbia peke yako kwenye 35:40.

Maji na sukari: lengo ni gramu 60 hadi 80 za wanga kwa saa. Waalikwa huwekewa chupa zao kila kilomita 5, chupa nane kwa jumla. Kwa kila chupa ya mililita 170 hivi, weka vijiko vitatu vya chai vya sukari, viwili vya glukosi ya unga ya dukani, na chumvi ya kushikwa kwa ncha za vidole viwili. Inatoka karibu gramu 20, na mchanganyiko huo wa sukari na glukosi hupita tumboni kwa wepesi kuliko glukosi peke yake. Chupa ziwe na alama inayoonekana kwa mbali, kitambaa cha rangi kali kimefungwa shingoni kama kitanzi ili kidole kiingie. Kwa mwendo wa kilomita 17 kwa saa chupa laini inateleza. Na tumbo lifundishwe. Anza na gramu 30 kwa saa kwenye mbio ndefu za Jumamosi, pandisha taratibu kwa wiki 6 hadi 8. Wanaoharisha kilomita ya 28 mara nyingi ni wale waliokunywa hivyo kwa mara ya kwanza siku ya mashindano.

Safari nayo ina hesabu yake. Viza nyingi zinahitaji kwenda Dar es Salaam kuchukuliwa alama za vidole, na basi la siku nzima huvimbisha miguu. Panga safari hiyo kwenye ile wiki ya nne nyepesi, si katikati ya wiki ya kilomita 160.

Pesa na mkataba

Ajira ya jeshini, JWTZ, Polisi au Magereza, imewabeba wakimbiaji wengi wa nchi hii, na bado ni msingi mzuri: mshahara upo hata mwaka wa majeraha. Zawadi haiji hivyo. Hulipwa miezi kadhaa baada ya mbio, majibu ya vipimo yakisharudi.

Chukua zawadi ya dola 10,000 kwenye mbio za Marekani. Kodi ya kuzuiliwa huko ni asilimia 30, zinabaki 7,000. Meneja kwa kawaida huchukua asilimia 15. Ya nini? Mkataba ukisema ya zawadi nzima, ni 1,500. Ukisema ya kilichobaki baada ya kodi, ni 1,050. Tofauti ni dola 450, kutokana na mstari mmoja kwenye karatasi. Ujerumani kodi hiyo ni asilimia 15.825. Dada adai karatasi ya mchanganuo wa malipo kwa kila mbio, na akaunti iwe ya jina lake, na namba ya siri iwe yake. Mume au kocha anayeshika kadi "ili kusaidia" anajulikana kila kambi, na kila kambi inanyamaza. Tusinyamaze.

Akipata mtoto

Kazi haiishi hapo. Peres Jepchirchir wa Kenya alijifungua mwaka 2017. Oktoba 2020, Gdynia, alishinda ubingwa wa dunia wa nusu marathoni kwa 1:05:16, na Agosti 2021 akatwaa dhahabu ya Olimpiki kule Sapporo kwa 2:27:20.

Wataalamu wanashauri mama asianze kukimbia kabla ya wiki 12 baada ya kujifungua. Mila ya Kichagga ya mzazi kukaa ndani miezi mitatu akila mtori na supu inaangukia hapo hapo, na mama mkwe anayeisimamia anastahili kusikilizwa kuliko meneja anayepiga simu wiki ya tano. Kutembea kuanze mapema, na mazoezi ya kukaza misuli ya nyonga. Wiki ya 12, dakika moja kukimbia na mbili kutembea, mara 8. Mkojo ukimtoka akikimbia, au akihisi uzito chini, arudi kwenye kutembea na amwone mtaalamu wa viungo; mambo hayo yanatibika. Ratiba ya kunyonyesha ije kwanza, akinyonyesha kabla ya kutoka kifua kinakuwa chepesi. Kurudi kwenye mashindano ya kilomita 10 katika mwezi wa tisa au wa kumi ni vizuri, marathoni baada ya miezi 15 hadi 18.

Wakati wa ujauzito asisaini barua ya kustaafu kwa sababu tu amechoka kujaza taarifa za kupimwa. Akishastaafu rasmi, atalazimika kurudi kwenye orodha na kupatikana kwa vipimo miezi sita kabla ya kuruhusiwa kushindana tena. Na kabla ya kusaini mkataba wowote wa viatu, asome kifungu cha kupunguziwa malipo asiposhindana. Mwaka 2019, baada ya wanariadha wa Marekani kulalamika hadharani, Nike ilikubali kutopunguza malipo kwa miezi 18 kwa ajili ya ujauzito na uzazi. Dada wa Arusha anayepewa mkataba aombe kifungu hicho kiandikwe na kwake, kwa idadi ya miezi, kabla hajaweka sahihi.